KIKAPU CHA MAMA KIINGIE KATIKA DAFTARI LA SHAMBA

Maoni ya karani wa ofisi ya kilimo



Mwezi huu sitaandika habari za mbolea wala za dawa ya kuogeshea ng'ombe. Mambo hayo mabwana shamba na mabibi shamba wetu huyaeleza vizuri kuliko mimi. Mimi nilisomea ualimu, kisha nikaingia kazi ya ukarani, na kazi ya karani ni daftari na hesabu. Kwa hiyo nataka kuwauliza swali la hesabu. Je, ni kitu gani kinachotengenezwa katika shamba lako karibu kila siku, mvua ikinyesha au jua likiwaka, ambacho hujapata kukiandika mahali po pote?

Wengine mtasema ni mayai. Wengine mtasema ni kuni. Jibu langu ni kazi ya mikono ya bibi yako: kiondo anachosuka, uzi anaousokota, na sufu anayoifuma. Nimejaza fomu nyingi za mashamba. Fomu huuliza ekari za viazi, ekari za njegere, ng'ombe wa maziwa, kondoo, kuku, hata mizinga ya nyuki. Mzee wa nyumba hujibu, nami huandika. Mara nyingi mama huwa ameketi pale pale, anasokota uzi pajani, na mikono yake haitulii hata mara moja. Nikimwuliza mzee juu ya kazi ile, hucheka na kuniambia, "Hiyo si kazi, bwana karani. Hayo ni mazungumzo ya wanawake."

Mimi nasema ni kazi. Tena nasema kwamba maadamu haiandikwi, haitapata bei yake, na wala yule aifanyaye hatapata haki yake. Hayo ndiyo maoni yangu, na sasa nitatoa sababu moja moja.

ASILI YA KAZI HII

Kiondo si kitu kilicholetwa na watalii. Wanawake wa Wakikuyu, Waembu, Wameru, Watharaka na Wakamba walisuka vyondo tangu zamani sana, na wanawake wa milima ya Taita nao wana vikapu vyao vinavyosifiwa kwa ususi wake wa karibu karibu. Kiondo kilibeba viazi vitamu, mtama na maharagwe. Kilibebwa mgongoni kwa mshipi uliopita kwenye paji la uso. Kilikuwa kipimo cha nafaka, kilikuwa zawadi, na msichana aliyejua kukisuka vyema alisifiwa.

Uzi wa zamani ulitoka katika magome ya vichaka. Wakikuyu walitumia sana mti uitwao mugio, na Wakamba walitumia pia gome la mbuyu. Katani ilikuja baadaye. Mwaka 1893 Mjerumani mmoja, Dakta Richard Hindorf, alileta miche ya mkonge katika Tanganyika kutoka Florida, katika nchi ya Marekani. Miche 62 tu ndiyo iliyofika ikiwa hai, na kutoka hiyo michache mashamba makubwa yakaenea Tanganyika. Baadaye mkonge ulikuwa zao kubwa hata Kenya, na mkulima mdogo akaupanda kuwa ua wa shamba lake. Wanawake wakauona uzi wake kuwa mweupe, mrefu na wenye nguvu, wakauchukua. Hawakungoja kufundishwa na mtu.

Tazameni basi jinsi kazi yenyewe ilivyo. Jani la mkonge hukatwa, hupasuliwa, na nyama yake hukwanguliwa kwa kisu au kwa kibao mpaka nyuzi zibaki. Nyuzi huoshwa na kuanikwa. Kisha mama huchukua nyuzi chache, huzigawa mafungu mawili, na kuzisokota pajani kwa kiganja cha mkono, akiunga nyingine kabla za kwanza hazijaisha, mpaka apate uzi mrefu usio na fundo. Nyuzi nyingine hutiwa rangi. Kusuka huanzia kitakoni. Nyuzi za kusimama hutandazwa kama miale ya jua, na nyuzi mbili za kulala huzunguka zikipishana, moja mbele na moja nyuma, tena na tena. Kila kikapu kinapopanuka, nyuzi za kusimama huongezwa. Mwanamke aliyezoea hahitaji meza wala mashine. Hufanya akienda sokoni, akichunga mbuzi, au akingoja zamu yake zahanati.

Nawaambia haya kwa sababu wanaume wengi tumelala karibu na kazi hii maisha yetu yote bila kuitazama. Mtu asiyejua kazi ilivyo hawezi kujua thamani yake.

SISI WA NYANDA ZA BARIDI

Sasa nije kwetu sisi wa skimu. Mpango wa kugawa ekari milioni moja ulianza mwaka 1962, na familia karibu 35,000 zilipewa mashamba yaliyokuwa ya walowezi. Wazee waliohamia Kinangop na Ol Kalou walitoka sehemu nyingi, kama Nyeri, Murang'a na Kiambu. Walikuja na majembe, masufuria na watoto. Akina mama walikuja pia na ujuzi wao mikononi.

Lakini kule juu walikuta jambo jipya. Kinangop iko zaidi ya mita 2,400 juu ya bahari. Usiku mwingine sakitu huanguka, na asubuhi majani ya viazi huwa meusi kama yaliyochomwa moto. Mkonge haupendi baridi ya namna hiyo. Kwa hiyo mama wa Kinangop apendaye kusuka kiondo hununua katani iliyotoka sehemu za joto, na faida yake hupungua kabla hajaanza kazi.

Je, mlima umemnyima kila kitu? Hapana. Mlima umempa kondoo.

Wako wakulima wanaokata manyoya ya kondoo wao kila mwaka na kuyatupa kibandani yaoze, kwa sababu wanunuzi wa sufu mbichi hutoa bei ndogo. Kuna sababu ya bei hiyo, na yafaa mwijue. Australia ndiyo nchi itoayo sufu nyingi kuliko nchi nyingi. Kwa miaka kadhaa wakulima wake walikuwa na mpango wa kununua sufu isiyopata bei nzuri na kuiweka ghalani. Ghala zilijaa kupita kiasi, na mwezi wa Februari mwaka 1991 mpango ule ulivunjwa. Bei ikaanguka duniani pote, na nguo za nailoni na akriliki zikazidi kuchukua nafasi ya sufu. Mkulima wa Kinangop hakuwa na kosa lo lote, lakini yeye naye aliumia.

Dawa ya bei ndogo ya kitu kibichi ni kukitengeneza. Haya si maneno matupu. Huko Nanyuki, chini ya Mlima Kenya, chama cha wanawake wasokotao na kufuma sufu kwa mikono kilianzishwa mwaka 1977, na mazulia na blanketi zake zimejulikana nchi za mbali. Katika Njabini, Kinangop ya Kusini, wanawake na wanaume walijiunga kusokota sufu ya kondoo wa hapo hapo. Kikundi hicho kilisaidiwa na watu wapendao kutunza nyika ya majani ya Kinangop, maana katika nyika hiyo huishi ndege mmoja mwenye kifua cha manjano aitwaye Sharpe's longclaw, asiyepatikana nchi yo yote ila Kenya. Nyika ikilimwa yote, ndege huyo hana pa kujenga kiota. Fikira zao zilikuwa rahisi: mkulima akipata faida katika sufu, hatakuwa na haraka ya kulima kila shubiri ya malisho yake. Hivyo gurudumu la kusokotea likawa rafiki wa kondoo, wa majani, na wa ndege.

Kazi ya sufu nayo ina hatua zake. Manyoya huchaguliwa, machafu yakatengwa. Huoshwa kwa maji ya moto kiasi na sabuni, polepole bila kusuguliwa, la sivyo hushikana yakawa kama mkeka. Yakisha kuoshwa, mafuta na uchafu vikatoka, uzito hupungua sana. Kisha huchanwa kwa vibao viwili vyenye meno ya waya, husokotwa kwa gurudumu, nyuzi mbili zikaunganishwa, na mwisho hutiwa rangi. Rangi nyingine zimejaa shambani mwako. Lile gugu tuliitalo mubangi, linalotuudhi katika mahindi na viazi, hutoa rangi ya manjano. Maganda ya vitunguu hutoa manjano iliyoiva. Gome la muwati hutoa hudhurungi. Shabu kidogo katika maji husaidia rangi ishike. Ni nani kati yetu aliyepata kudhani kwamba mubangi una faida?

TUFANYE HESABU BILA KUONA HAYA

Nitatoa mfano. Msiuchukue kuwa bei ya soko, kwa maana bei hubadilika kutoka mahali hata mahali. Chukueni njia ya kuhesabu, kisha mtie bei zenu wenyewe.

Tuseme mama amesuka kiondo kimoja cha kati. Alisokota uzi kwa saa 25. Alisuka kwa saa 30. Ukingo na mshipi vilichukua saa 5. Jumla ni saa 60. Alinunua katani kwa shilingi 250 na rangi kwa shilingi 50, jumla shilingi 300. Mchuuzi alipita akampa shilingi 1,200. Ondoa gharama, zinabaki shilingi 900. Gawanya kwa saa 60. Mama amepata shilingi 15 kwa saa moja. Kwa siku ya saa nane ni shilingi 120.

Sasa jiulize, bwana: unamlipa kibarua wako kiasi gani kwa siku ya kuvuna viazi? Angekubali shilingi 120?

Hesabu kama hii inatia uchungu, na wako watakaosema heri isingefanywa. Mimi nasema heri imefanywa. Mchuuzi anajua anauza kwa bei gani Nairobi. Mwenye duka anajua. Mnunuzi wa ng'ambo anajua. Mtu pekee asiyejua hesabu ya kiondo ni yule aliyekisuka, kwa sababu hakuandika saa zake. Wahenga walisema, mali bila daftari huisha bila habari. Ng'ombe asiyeandikwa maziwa yake hujui kama anakulisha au wewe unamlisha. Kikapu ni vivyo hivyo.

Tena daftari huonyesha njia ya kutoka. Katika mfano wetu, mama anayeweza kukwangua katani yake mwenyewe huokoa shilingi 250, ingawa lazima ahesabu saa za kukwangua pia. Mama anayeuza pamoja na wenzake 20, wakampelekea mwenye duka moja kwa moja na kupata shilingi 1,800, hubaki na shilingi 1,500 baada ya gharama, na hizo ni shilingi 25 kwa saa. Kazi haikuongezeka. Nyuzi hazikuongezeka. Kilichobadilika ni kwamba alijua hesabu na hakwenda peke yake.

MANENO YA WAPINZANI

Wako wasemao, "Kusuka kunawatoa wanawake shambani." Hili lina ukweli kidogo, nami sitalificha. Wakati wa kupanda na wa kuvuna, kazi ya shamba haingoji, na kikundi chenye akili hakichukui oda kubwa miezi hiyo. Lakini mwangalieni mama asukaye. Husuka wakati ambao wengine wetu tumeketi bure: njiani, mkutanoni, jioni baada ya chakula. Saa zile angezitumia kwa nini? Na bwana anayesema hivyo, saa zake za jioni huzitumia wapi?

Wako wasemao, "Mashine zitatushinda." Ni kweli kwamba vyondo vilipopendwa sana huko ng'ambo katika miaka ya 1970 na 1980, viwanda vya Asia vilianza kutoa vikapu vya kuiga kwa bei rahisi, na wanawake wengi wa Kenya wakapoteza wanunuzi. Basi tusishindane na mashine kwa bei rahisi. Hapo tutashindwa kila siku. Tushindane kwa uzuri, kwa uimara, na kwa jina letu. Mwaka 2006 kampuni moja ya Uingereza iliomba jina la kikoi cha pwani liandikishwe kuwa alama yake ya biashara, likiandikwa "kikoy". Wakenya na rafiki zao walipinga, na ombi lile halikufaulu. Mwaka 2016 Bunge letu lilipitisha sheria ya kulinda maarifa ya jadi na sanaa za utamaduni, na sheria hiyo inazitaka serikali za kaunti ziwe na daftari la maarifa hayo. Mnaona jambo lenyewe ni lile lile: daftari! Kile kisichoandikwa, mwingine aweza kukidai kuwa chake.

Wako pia wasemao, "Soko ni la watalii tu, na watalii leo wako, kesho hawako." Hili ni neno la busara. Tuliyaona wakati wa ugonjwa wa korona mwaka 2020, viwanja vya ndege vilipofungwa. Kwa hiyo msiweke mayai yote katika tundu moja. Lakini kumbukeni kwamba tangu tarehe 28 Agosti mwaka 2017 mifuko ya plastiki ya kubebea vitu imekatazwa katika Kenya. Mama aendaye sokoni kununua sukuma wiki anahitaji cha kubebea. Hatalipa shilingi 1,200, hilo mlijue. Msukie kikapu cha haraka, cha uzi mnene, kisicho na nakshi nyingi. Kiondo cha nakshi ni kama ng'ombe wa maonyesho. Kikapu cha soko ni kama ng'ombe wa maziwa. Shamba lenye akili huwa na wote wawili.

FEDHA NI ZA NANI?

Sasa nafika mahali pagumu, nami naomba wazee wanivumilie.

Mashamba ya skimu yalipogawanywa, kwa kawaida jina lililoandikwa lilikuwa la mwanamume. Jina hilo hilo likaingia katika hati ya shamba, likaingia katika chama cha maziwa, na malipo ya maziwa yakafuata jina. Mama alikamua saa kumi na moja alfajiri. Fedha zilikwenda kwa mwenye namba. Mimi sisemi kwamba kila bwana alizitumia vibaya. Wengi walilipa karo na kujenga nyumba. Nasema tu kwamba mama hakuwa na fedha ambazo angeweza kuziita zake, ila zile za kuku wachache na za kiondo.

Ndiyo maana bwana anayetaka kuandika kikapu katika daftari apate kuzitwaa zile fedha, asinitaje mimi kuwa shahidi wake. Sikuandika makala haya kwa ajili hiyo. Kuandika ni kwa ajili ya kujua na kuheshimu. Fedha zikae mkononi mwa aliyesokota uzi.

Na kama mwaogopa kwamba mwanamke akiwa na fedha nyumba itavunjika, tazameni yaliyotukia. Chama cha Maendeleo ya Wanawake kilianzishwa mwaka 1952, na kazi za mikono zilikuwa miongoni mwa mafunzo yake. Katika miaka ya 1960 wanawake wa Nyeri na sehemu nyingine za Mkoa wa Kati wa siku hizo waliunda vikundi vilivyojulikana kwa jina la mabati. Walichanga senti zao kidogo kidogo, wakaezeka nyumba ya mwenzao mmoja kwa mabati, kisha ya pili, kisha ya tatu, mpaka zote zikaisha. Baadaye vikundi vingine vilinunua matangi ya maji na ng'ombe wa gredi. Hao ndio wanawake waliopata fedha. Nyumba hazikuvunjika. Zilipata mapaa yasiyovuja.

Sheria nayo imesema. Katiba ya mwaka 2010 inampa mume na mke haki sawa katika ndoa. Sheria ya mali ya wana ndoa ya mwaka 2013 inasema kwamba mchango wa mtu katika mali ya nyumba si fedha tu. Kazi za nyumbani, malezi ya watoto na kazi za shamba huhesabiwa pia. Basi mama mwenye daftari la kazi yake ana ushahidi. Naomba Mungu asihitaji kuutumia kortini. Lakini ni afadhali kuwa na mwavuli siku ya jua kuliko kuutafuta siku ya mvua.

MAMBO YA KUFANYA

Sipendi makala yenye malalamiko yasiyo na kazi. Haya ndiyo mambo ninayowashauri.

1. Fungueni ukurasa wa kazi za mikono katika daftari la shamba. Andikeni tarehe, kitu kilichotengenezwa, saa zilizotumika, gharama, bei, na jina la mnunuzi. Kama mama hakupata bahati ya kusoma, mtoto wa shule amwandikie kila jioni. Itakuwa hesabu ya nyumbani iliyo nzuri kuliko nyingi za vitabuni. Lakini mtoto aandike tu. Asitolewe shuleni ili kusuka.

2. Wekeni vipimo vya pamoja. Hapa ndipo vikundi vingi huanguka. Mnunuzi huagiza vikapu 100 vya namna moja, kikundi kikaleta vikapu 100 vya namna 100. Dawa yake ni kamba yenye mafundo: fundo moja la upana wa kitako, fundo la pili la kimo, fundo la tatu la mdomo. Kila mwanachama awe na kamba yake iliyokatwa sawa na ya mwenzake. Haigharimu hata senti tano.

3. Jaribuni rangi kabla ya kuuza. Chukua kitambaa cheupe chenye maji, ukisugue juu ya kiondo. Kitambaa kikichafuka, nguo ya mnunuzi itachafuka pia, na hatarudi kwenu tena. Sufu nayo iwekwe mahali pakavu, pasipo moshi, na ikaguliwe mara kwa mara kwa sababu ya nondo.

4. Uzeni kwa pamoja, mkiwa na kikundi kilichoandikishwa, mwenyekiti, katibu na mtunza hazina. Fedha zipite katika benki au katika simu ya kikundi, na risiti zisomwe mbele ya wote. Mwenyekiti asiye tayari kusomewa risiti hafai kuwa mwenyekiti.

5. Mama aandikishwe kwa jina lake katika chama, awe ni wa kikundi cha kusuka au cha maziwa. Bwana asione haya kwenda naye kutia sahihi. Atarudi nyumbani akiwa bwana yule yule.

6. Walio na kondoo wa sufu, msiuze manyoya yote mabichi wala kuyatupa. Wekeni ya kondoo mmoja au wawili, mtafute kikundi kilicho na vibao vya kuchania na gurudumu, mjifunze. Kama hakuna kikundi karibu, mwulizeni ofisa wa maendeleo ya jamii au bibi shamba wenu awaonyeshe kilipo.

Najua kwamba kiondo peke yake hakitalipa karo ya watoto watatu, na sufu haitachukua mahali pa viazi na maziwa. Ye yote atakayewaambia hivyo anawadanganya. Lakini mwaka ule sakitu inapochoma viazi, au bei ya kabichi inapoanguka hata watu wanawapa ng'ombe, uzi haugandi na kikapu hakiozi. Nyumba nyingi za skimu zimepita miezi migumu kwa fedha za kazi hii, na wenyewe hawakujua, maana hazikuandikwa.

Kwa hiyo, bwana, leo jioni mwulize bibi yako kikapu kile amekianza lini na kimemchukua saa ngapi. Mwulize kwa heshima, kama umwulizavyo fundi. Nawe mama, mwambie ukweli, usipunguze hata saa moja kwa kuona haya. Kisha chukueni kalamu. Na mimi siku nitakapofika kwenu na fomu zangu, hata kama fomu haina mahali pake, nitapiga mstari pembeni kwa rula yangu na kuandika jibu lenu hapo.